Filamu ya Kunirudisha Darasani

Jumatatu, 3 Machi
Mwezi wa saba tangu nistaafu. Nimepata mbinu. Nitatengeneza filamu ya hali halisi kuhusu elimu ya siku hizi, ionyeshe jinsi shule ilivyooza tangu nilipoondoka. Wakiiona wataniita wenyewe nirudi kufundisha. Mwalimu mkuu amekubali, masikini, akidhani ni kumbukumbu. Kamera nimeazima kwa shemeji, mpiga picha za harusi.

Jumanne, 4 Machi
Darasa langu la zamani. Anayelishika sasa nilimfundisha mimi hesabu, na hesabu zilimpiga chenga. Watoto wamekaa vikundi vikundi, wanabishana, yeye anazunguka tu. Nikasubiri fujo. Haikuja. Binti mmoja akauliza kwa nini haiwezekani kugawa kwa sifuri. Miaka thelathini na miwili sikuwahi kuulizwa hilo. Mkono ukaenda wenyewe kutafuta chaki. Siku hizi hakuna chaki.

Alhamisi, 6 Machi
Siku ya mahojiano. Nilimuuliza mtoto kwa nini shule inachosha. Akasema kinachochosha ni Jumapili. Sikumpinga. Hata mimi nazijua Jumapili, sasa ninazo saba kwa wiki.
Nikamgeukia mwalimu: nani alimfundisha akamwachia alama maishani? Akajibu kwa adabu zote, “Ni wewe, mwalimu. Nilikuwa naogopa kukuuliza swali. Ndiyo maana hawa wangu nawaacha waulize.”
Nikazima kamera. Nikakohoa. Nikaiwasha, nikamwomba arudie ile sentensi ya kwanza tu.

Jumamosi, 8 Machi
Nimemwonyesha mama watoto. Alitazama hadi mwisho, ufagio mkononi. Akasema sauti iliyojaa humo ni yangu: kila mtoto akijibu, nasikika nyuma ya kamera nikisema vizuri sana, kaa chini. Kisha akasema taratibu, “Mume wangu, umewakumbuka watoto. Si ukamwambie mwalimu mkuu hivyo hivyo?”
Nikamweleza kwamba huu ni utafiti. Akarudi kufagia.

Jumatatu, 10 Machi
Onyesho ukumbini. Nilipokusudia wasikitike, wazazi walipiga makofi. Mmoja alisimama kunishukuru kwa kumsifu mwalimu mpya vile. Nikainama kama mwenye tuzo. Ningefanyaje?
Mwalimu mwenyewe akanifuata mlangoni. Watoto wanamuulizia babu wa kamera. Je, naweza kuja kila Jumatano nikae nao kwenye hesabu? Moyo uliruka mpaka kooni. Ulimi ukasema nina ratiba ngumu.

Jumanne, 11 Machi
Sikulala vizuri. Saa ya mapumziko nilipita nje ya ukuta wa shule, nikasimama kusikiliza kelele mpaka kengele ikalia. Nimewaza sana. Kwenda kwa kualikwa ni kujishusha. Mtu wa umri wangu huitwa kwa sababu anahitajika. Dosari ya filamu ya kwanza ni ufupi. Naanza ya pili, yenye ushahidi wa kutosha. Itachukua mwaka mzima wa masomo, na itanilazimu, nipende nisipende, niwe darasani kila siku.