Macho ya Panya wa Jengo Letu

Jumatano, 23 Oktoba

Panya wameingia stoo yetu kule chini ya jengo. Soseji mbili zimeliwa, kamba zimebaki zinaning'inia. Ginka, mke wangu, analia utadhani kafiwa. Mimi nimefurahi. Ndiyo, nimefurahi! Jumanne wakazi wanachagua mwenyekiti wa jengo, na cheo hicho nimekitamani miaka sita. Nimewatangazia wote pale mlangoni: kabla ya Jumanne, panya kwisha. Injinia Penchev wa ghorofa ya pili, mpinzani wangu, akauliza mbele za watu kama mimi si ndiye yule aliyeshindwa na balbu ya ngazi. Mshenzi.

Ijumaa, 25 Oktoba

Nilitega mitego sita kwenye ujia wa stoo za wakazi, kwa jibini nyeupe ya kondoo, ile nzuri ya Ginka. Asubuhi mitego mitano haina jibini wala panya. Mtego wa sita umenasa kidole gumba cha mguu wa Penchev, aliyeshuka na ndara kuchukua chupa ya pilipili za kusaga. Sasa anachechemea ngazi nzima, na kina mama wa kila ghorofa wanampelekea supu ya maharagwe. Hizo ni kura zangu zinazopanda na mabakuli!

Jumapili, 27 Oktoba

Leo ni Siku ya Panya, sikukuu ya mila za wazee wetu. Mama mkwe, Bibi Stoyna, yuko kwetu tangu jana. Kaficha mikasi na sindano zote, maana leo ukikata kitu, panya nao watakukatia nguo mwaka mzima. Kasema mitego ni upuuzi wa watu wa mjini Ruse. Dawa ni matope: unafumba macho, unaziba mashimo, mtu anakuuliza unaziba nini, unajibu unaziba macho ya panya. Mara tatu.

Nikapata wazo. Badala ya matope, saruji! Mila na sayansi pamoja, kura za wazee na za vijana. Nikafungwa kitambaa usoni, nikapiga magoti na mwiko. Bibi Stoyna anauliza, mimi najibu, Penchev kwenye ngazi kashika mbavu. Nilichungulia mara moja tu, kutafuta ndoo. Hakuna aliyeniona.

Jumatatu, 28 Oktoba

Kimya! Huko chini hakuna panya hata wa dawa. Watu wawili wamenipa mkono. Nimeanza kuandika hotuba.

Saa kumi Ginka kashuka kuchukua soseji za kuwakirimu wapiga kura. Karudi kapauka. Tundu la ufunguo la stoo yetu limejaa saruji, imekauka kama jiwe. Na ndani, kasema, kuna watu wanakula. Nikashuka, nikatega sikio mlangoni. Si watu. Nimewazibia njia zote za kutokea, na wako na chakula chetu cha majira yote ya baridi. Nimemsihi Ginka asiseme neno mpaka kura zipigwe.

Jumanne, 29 Oktoba

Ginka kasema. Mimi niko ukurasa wa pili wa hotuba, yeye kasimama katikati ya mkutano, akamwomba Penchev alete mtaimbo. Wote wakashuka kutazama. Penchev, na kidole chake kibovu, kavunja mlango kwa pigo moja. Lo! Walitoka kwa foleni, wamenona, wakapita juu ya viatu vya wakazi. Mama wa ghorofa ya nne kapanda juu ya baiskeli ya watu. Soseji haikubaki hata moja.

Kura: Penchev kumi na moja, mimi moja, niliyojipigia mwenyewe. Ginka aliinua mkono kumpigia Penchev, mchana kweupe, huku ananitazama. Nimeumia sana, sifichi.

Jioni nikamuuliza mama mkwe mambo yaliharibika wapi. Akajibu bila kuinua uso kwenye sufuria: “Ulichungulia, mwanangu. Nilikuona.”

Kumbe! Basi ni hilo tu. Saruji haina kosa. Mwakani nafunga vitambaa viwili, na naanzia stoo ya Mwenyekiti Penchev.