Vitenge vya Kipenzi wa Mfalme

Wewe uligeuza uso. Usikatae. Rémy alipopita hapa kwetu Musonoi mchana kweupe na vitenge vya mama zetu begani, ulijifanya unatafuta mtandao kwenye simu. Ndivyo ulivyofanya alipopita yule tapeli wa mashine ya kuosha shaba, na yule wa viza kabla yake. Hatujasahau.

Huyu Rémy alitoka Kasaji na viatu vinavyong'aa, akawakuta wanawake wakiimba huku wakiosha mawe ya madini. Akanusa ulaji.

"Bamama, niko natengeneza filamu ya nyimbo na mapenzi! Mwanamuke anapendwa na mufalme, anapanda, anapanda, mpaka bakubwa bote banamuogopa. Kila mutu alete kikwembe yake ya muzuri ya kuvalia kwa mufalme!"

Vikaja vitenge thelathini. Akavifungia chumbani, ufunguo kiunoni. Mwadi, mmoja wa waimbaji hao, alileta kile alichoachiwa na marehemu mama yake, cha kuvaa Jumamosi kwenye ndoa ya binti yake. Kwa sauti yake, akapewa nafasi ya kipenzi. Mfalme, kwa unyenyekevu mkubwa, alikuwa Rémy mwenyewe. Kamera ilisimama juu ya miguu mitatu, imefunikwa kitambaa cheusi, marufuku kuigusa.

Alhamisi Naomie, muuza maandazi pale malori yanapopakia, akamnong'oneza Mwadi: "Yaya, dada yangu, mufalme yako ashapata nafasi mu lori ya Kasaji. Kesho asubui, na mizigo."

Mwadi hakulia. Alimwendea Rémy. "Tata," akamwita kwa heshima, "mu wimbo ya mwisho mufalme amupe kipenzi ule ufunguo. Bila ile, nani ataamini kama nimepanda?"

Rémy anapenda kushangiliwa kuliko kula. Ufunguo, alidhani, ungerudi wimbo ukiisha. Saa kumi, mbele ya Musonoi nzima, Mwadi akaimba, akapiga magoti, akapiga makofi ya kumsalimu chifu, umati ukaitikia. Mfalme akatoa ufunguo.

"Coupez! Kateni! Mama, rudisha."

"Mufalme anapokonya? Mbele ya batu bake?"

"Ni filamu tu!"

"Kama ni filamu," akasema Naomie, "funua kamera tuone."

Chini ya kitambaa kulikuwa na kopo la maziwa ya unga, na Rémy alilijua kuliko wote. Badala ya kukifunua, akatabasamu kifalme, akauacha ufunguo uende. Wanawake wakafungua chumba, kila mmoja akabeba kitenge chake akiimba. Viatu vinavyong'aa navyo vikaenda, maana mbele ya kipenzi, kwa sheria ya filamu aliyoitunga Rémy mwenyewe, hakuna anayevaa viatu.

Kimebaki kimoja, cha bluu, cha mama yako. Ana homa, hakufika. Rémy amekikalia, miguu mitupu, akisubiri ugeuze uso tena. Lori linaondoka kesho asubuhi. Acha kusoma. Weka simu chini, nenda kamwinue!