Sababu Tatu za Rufaa Yangu

Jumatatu, 4 Machi
Miezi sita jela! Eti kwa kumpiga shemeji na rula ya kupimia vitambaa. Mimi, fundi suruali mwenye heshima zangu! Nimepewa dhamana nikate rufaa, basi nakata. Wakili wa nini? Kalamu ninayo, akili ninayo. Mama watoto kanisihi nimwombe radhi kaka yake, yaishe. Nimemwambia anayeomba radhi ni mwenye kosa. Kauliza kama jela wanaruhusu blanketi la nyumbani. Mke gani huyu!

Jumanne, 5 Machi
Nimeandika sababu tatu. Ya kwanza: siku hiyo sikuwapo dukani. Ya pili: nilimpiga mara moja tu, si mara tatu. Ya tatu: alianza yeye, kwa kusema suruali niliyomshonea ina mguu mmoja mfupi. Nimeisoma rufaa nzima mara nne. Haina kasoro!

Alhamisi, 7 Machi
Karani wa mahakama kuu, mama wa makamo, kasoma, kavua miwani, kaifuta, kasoma tena. Kauliza tufute ipi, ya kwanza au ya pili. Tufute kwa nini? Jaji ni mtu mzima, atachagua mwenyewe inayomfaa. Kagonga muhuri huku anatikisa kichwa. Wivu tu.

Jumatatu, 18 Machi
Rufaa imesikilizwa. Sijaelewa kitu. Jaji kauliza kama siku ile nilikuwapo. Nikajibu inategemea tuko sababu ya ngapi. Watu wakacheka, sijui walichekea nini. Wakili wa serikali kasema hana la kuongeza, nimeshamaliza yote mwenyewe. Nikamshukuru! Kumbe yuko upande wa pili.
Mara shemeji kainuka, kavaa suruali ileile, kifundo kimoja cha mguu kiko nje. Kasema amenisamehe, dada yake halali kwa mawazo, nisifungwe. Nikaruka. Nani kamwomba msamaha? Na mguu si mfupi, ni yeye anayesimama upande! Jaji kaniamuru niketi. Mama watoto kajifunika uso. Nimeketi. Naogopa jela, jamani. Naogopa kweli.

Ijumaa, 22 Machi
Hukumu. Hatia iko palepale. Kifungo kimefutwa kwa ajili ya maneno ya shemeji. Badala yake nifagie ua wa mahakama miezi sita. Sasa nimeshinda au nimeshindwa? Nimemuuliza yule karani. Kasema niende nyumbani, nikamshukuru shemeji yangu. Mama watoto kanikumbatia analia. Nami nikalia, sijui kwa lipi.

Jumatatu, 25 Machi
Siku ya kwanza ya fagio. Kwenye benchi la nje nimemkuta dereva wa lori, kahukumiwa mwaka mzima kwa kumpiga jirani yake ngumi. Yuko nje kwa dhamana, hana wakili, machozi yanamtoka. Roho ikaniuma. Nikaegemeza fagio, nikatoa kalamu, nikamwandikia rufaa yake bure kabisa. Sababu ya kwanza: hakuwapo. Ya pili: ngumi ilikuwa moja tu. Kanishukuru mpaka kanishika mikono yote miwili. Kesho analeta wenzake wawili.