Sikumwalika: Kuhusu Neno "Mwenyeji" Katika Kamusi Yenu ya Vijidudu

Kijiji cha Kastania ya Juu,
Milima ya Epiro.
Mkesha wa Mtakatifu Demetrio.

Kwa Mhariri Mkuu,
Kamusi ya Istilahi za Vijidudu,
Athene.

Mheshimiwa Mhariri,

Natumaini barua hii inakukuta mzima, na tumbo lako limetulia. Langu halikutulia tangu Pasaka, na huko ndiko yalikoanzia haya yote.

Mimi ni Polixeni, mjane wa marehemu Stergios. Wewe ni mtu wa maneno, kwa hiyo unajua kwamba jina langu maana yake ni mwanamke wa wageni wengi, nami sikulibeba bure. Hakuna mtu aliyewahi kuvuka kizingiti changu akatoka na njaa: si msoma mita za umeme, si padri, wala wale Wajerumani wawili waliopotea na baiskeli zao, ambao hadi leo hunitumia kadi ya Krismasi. Nayasema haya si kwa kujisifu, ingawa ni sifa, bali nataka upime uzito wa tusi nililopata.

Tumbo lilikuwa likiniwaka kama tanuri la mkate. Nikaenda kwa Daktari Ismini, yule binti wa zahanati yetu, akanipulizisha kwenye kifuko na kifuko kikapelekwa mjini. Majibu yaliporudi alinisomea mlango ukiwa wazi, na nje kwenye benchi alikuwa ameketi jirani yangu Fotini, ambaye masikio yake hayajawahi kwenda likizo.

"Mama Polixeni," akasema daktari, "wewe ni mwenyeji wa bakteria."

"Mwenyeji wa nani?"

"Anaitwa helikobakta. Kajidudu kamejisokota kama mkia wa nguruwe. Kanaishi tumboni mwako."

"Tangu lini?"

"Pengine tangu utotoni."

"Miaka sitini anakula kwangu, na hata ahsante sijaisikia?"

Daktari alicheka mpaka akavua miwani. "Ni istilahi tu, mama."

"Istilahi ndiyo nini?"

"Ni neno lililotolewa kazini kwake likapewa kazi nyingine."

Mimi sikucheka, maana Fotini alikuwa ameshainuka kwenye benchi. Kabla sijafika uwanja wa kanisa, kijiji kizima kilijua kwamba Polixeni anamficha mtu. Muuza mkate aliniita toka mbali: "Hongera, mama! Nasikia una mgeni wa siri. Kijana?"

Ndipo nilipokwenda kwa Mwalimu Anestis, ambaye ni mstaafu na anayo kamusi yenu rafuni. Akaifungua, akasoma: "Mwenyeji: kiumbe ambacho kiumbe kingine huishi ndani yake au juu yake, kikipata humo chakula na makazi." Basi. Hakuna zaidi. Kwa heshima zote, malalamiko yangu ni haya yafuatayo.

1. Neno hili mmelichukua bila ruhusa ya wenyewe. Mwenyeji ni mtu anayefungua mlango. Anasema karibu, anafuta kiti kwa aproni, anauliza kama kahawa iwe tamu au chungu. Huyo helikobakta sikumfungulia, sikumkaribisha, na kiti hana. Mtu akiingiliwa na mwizi hamumwiti mwenyeji wa mwizi. Naomba mtafute neno lingine. Napendekeza "mvamiwa".

2. Mkikataa, basi nipewe haki zinazoandamana na neno. Mgeni wa kwetu haji mikono mitupu. Huleta hata kipakiti cha peremende. Husifu pai hata kama imeungua. Huitazama picha ya marehemu ukutani na kusema alikuwa mtu mwema, hata kama alimdai. Na zaidi ya yote, huondoka. Kamusi yenu imeeleza barabara mwenyeji hutoa nini, chakula na makazi, lakini kuhusu anayopaswa kufanya mgeni mmekaa kimya kama mlio na maji mdomoni. Naomba pale mwishoni paongezwe maneno mawili tu: "naye huaga".

3. Hapa ndipo mambo yalipoharibika, na nakuomba kama umesimama ukae. Mwalimu Anestis, kwa kuwa mstaafu hana haraka, hakufunga kitabu. Aliendelea kusoma kwamba wanaoishi kwa mwenyeji ni wa aina tatu. Yuko kimelea, ambaye hula na kudhuru. Yuko mla-mezani, ambaye hula tu, hadhuru wala hafai kitu. Na yuko mshirika, ambaye yeye na mwenyeji wake hufaidiana. Nikarudi nyumbani na aina hizo tatu kichwani, nikamkuta shemeji yangu Kosmas kajinyoosha kwenye kochi na paka juu ya kifua chake.

Kosmas ni mdogo wa marehemu mume wangu. Alikuwa baharia. Alikuja kwa arobaini ya kaka yake na sanduku moja dogo, akasema atakaa mpaka mvua ikatike. Mvua ilikatika. Ikanyesha nyingine. Amekula kwangu majira tisa ya baridi.

Chakula cha jioni nilimtajia zile aina zote tatu. "Haya, Kosmas. Chagua."

"Mshirika," akajibu, hata kutafuna hakuacha. "Tunafaidiana, shemeji. Nani anafukuza mbweha?"

"Mbweha wanakuja mpaka dirishani kukusikiliza unavyokoroma."

"Na mkate wa jana nani anaumaliza usitupwe?"

"Kuku wanaumezea mate huo mkate, hawaupati."

"Basi mla-mezani. Mimi sikudhuru."

"Umekalia kiti cha marehemu mpaka kikavunjika."

"Kilikuwa kimezeeka."

"Hata wewe."

Nikamtamkia lile neno la kwanza kwenye orodha yenu. Alishusha kijiko, akasema neno hilo atalichunguza.

4. Akalichunguza! Kesho yake alikwenda kwa Mwalimu Anestis, akarudi kanyooka kama mlingoti. Kumbe neno letu la Kigiriki la kimelea ni la kale, na ukilivunja vipande linasema "alaye kando ya nafaka", na hapo zamani lilikuwa cheo. Alikuwa ni mtu aliyechaguliwa kuketi na kuhani hekaluni na kula naye karamu ya sadaka. "Nipishe hapo mbele, shemeji," akasema, "mimi ni afisa wa hekalu." Akawa anakibariki chakula kabla sijakionja. Mkahawani wakaanza kumwamkia, "Mheshimiwa Kimelea!" naye anawapungia mkono kama askofu. Bwana Mhariri, neno gani hili linalomvisha mtu kanzu kwa kula? Naomba maana hiyo ya kale ifutwe. Ifutwe vitabuni, ifutwe shuleni, na kama imechongwa kwenye mawe, basi mawe yageuzwe.

5. Daktari Ismini akataka Kosmas naye apimwe, kwa vile tunachota supu sufuria moja na yeye pia kiungulia kilikuwa kinamsumbua. Akapuliza kifuko. Majibu yakaja: anacho kijidudu. Mwenye akili zake angehuzunika. Kosmas alitoka zahanati mikono juu, kama timu yake imefunga bao la dakika ya mwisho.

"Mwenyeji! Mimi ni mwenyeji! Imeandikwa, na muhuri upo!"

Lazima uelewe, huyu ni mtu ambaye tangu azaliwe alikuwa mgeni. Alikuwa mgeni kwa shangazi aliyemlea, mgeni kwenye meli za watu, na mgeni kwangu. Ile karatasi ya zahanati aliibandika kwenye mlango wa friji kwa sumaku, akaitazama, akainyoosha, akaitazama tena. Kisha akashuka mkahawani na kutangaza, "Jumapili, mwenyeji anawaalika nyote!"

Wakaja. Meza nzima ya wacheza karata wa mkahawani ilikuja, na Mwalimu, na padri, na Fotini ambaye hakualikwa, na mpiga klarineti. Nani alipika? Kamusi yenu haisemi nani hupika. Nilikanda, nikasukuma unga mpaka mabega yakalia, nikaoka pai za mboga za kondeni na jibini, nikachinja majogoo wawili. Kosmas yeye alisimama mlangoni na aproni yangu kiunoni, akipokea makoti. "Karibuni! Karibuni kwangu! Pai ipo, pombe ya tsipuro ipo, msione haya!"

Kwangu, anasema. Nilikuwa natoka jikoni na sinia mikononi, moto umenipiga usoni, na ulimi ukanitangulia: "Kwako wapi, wewe kimelea?"

Klarineti ilikatika katikati ya wimbo. Padri akaangalia viatu vyake. Safari hii neno halikuwa la hekaluni, na kila mtu alilijua. Kosmas alivua aproni, akaikunja mara nne, akaiweka juu ya kiti. "Naona mvua imekatika, shemeji," akasema. Asubuhi alipanda basi la kwenda mjini Yanina na sanduku lake lilelile. Ile karatasi aliiacha kwenye friji.

Kwa mzozo huu nawalaumu ninyi. Mimi maneno hayo sikuwa nayo. Nyumbani kwangu kulikuwa na mtu mmoja mvivu tu, asiye na istilahi.

6. Nafika sasa kwenye dai zito kuliko yote. Vidonge nilivimeza, vikubwa kama lozi za sukari za harusini, asubuhi na jioni, mpaka kikaisha kisanduku. Nikarudi kupuliza. Daktari Ismini akatabasamu: "Hongera, Mama Polixeni. Wewe si mwenyeji tena."

Si mwenyeji tena! Mimi! Kwanza mmenipa cheo ambacho sikukiomba, na nilipoanza kukizoea mmeninyang'anya. Kwa mujibu wa ukurasa wenu, mtu ambaye hakuna anayekaa ndani yake si mwenyeji wa chochote. Tumboni hakuna mtu. Kwenye kochi hakuna mtu. Nyumba imekuwa kimya mpaka naisikia friji ikimeza mate. Paka ananitazama kana kwamba mimi ndiye niliyepotea. Mbweha, nakiri, wamechukua kuku wawili. Nilipika supu ya ngano na maziwa kwa kipimo nilichokizoea, nikala bakuli moja, nikabaki nimeitazama sufuria nayo imenitazama.

Kwa hiyo nadai: (a) kamusi itamke wazi kwamba mwenyeji hubaki mwenyeji hata kama nyumba ni tupu, (b) penye neno "kimelea" iwekwe picha ya Kosmas, nitaituma, ninayo moja yuko mdomo wazi, (c) wewe mwenyewe, Mheshimiwa Mhariri, uje hapa Kastania ya Juu uone kwa macho yako mwenyeji ni kitu gani. Njoo na makarani wako. Godoro nimeshalianika, unga upo, na hakuna atakayekuuliza unaondoka lini. Msipokuja, nitapeleka shauri hili kwa askofu.

Nisalimie mkeo, na watoto kama Mungu amekujalia, na wakwe wa pande zote mbili, na wapiga chapa, na mzee wa lango la ofisi yenu. Yule aliyeuandika ukurasa wenyewe naye msalimie, ingawa hastahili.

Ni mimi, niliyevamiwa kwanza na kuachwa baadaye,

Polixeni, mjane wa Stergios

Nyongeza. Barua hii ilichelewa gari la posta, nikaona afadhali niipeleke mwenyewe Yanina. Na kwa kuwa Kosmas alisahau koti lake la baridi, na theluji imeshaonekana kileleni, nikasema nimpitishie. Amepanga juu ya duka la mfua fedha, chumba na sebule, dirisha linatazama ziwa. Nilimwambia nakaa kidogo tu. Akafuta kiti kwa mkono wa shati, akanikaribisha. Bwana Mhariri, yule mtu anajua kupika! Kumbe huko melini alikuwa jikoni maisha yake yote, nami kwangu sikumwachia hata mwiko. Alinipikia samaki wa ziwani kwa limau na vitunguu, nikala, nikaongeza. Kisha mvua ikanyesha.

Sasa ni wiki ya pili. Kitanda amenipa, yeye analala sebuleni. Paka yuko kwa Fotini, analishwa pamoja na habari zangu. Mfua fedha alipouliza mimi ni nani wake, Kosmas alijibu, "Mshirika." Lakini jana nilipomaliza jibini yote alinitazama jicho fulani ambalo nalifahamu, maana nimelitumia miaka.

Kwa hiyo nakuomba upuuze nambari ya kwanza hadi ya sita. "Mwenyeji" liacheni lilivyo, msiguse hata nukta, ni sahihi kabisa: chakula na makazi. Ila kuhusu "kimelea", naomba sana, kwa unyenyekevu, ile maana ya kale irudishwe, ile ya hekaluni, iwekwe juu kabisa kwa herufi nzito. Na kama inawezekana, iwe imechapwa kabla ya Krismasi.

Kosmas ameniuliza tena sasa hivi, kwa adabu zote, kama basi la jioni la kijijini nimelikosa.

Nimelikosa.