Nazi za Ukoo Chini ya Paa

Jumatatu, 3 Machi 2025
Leo nimeingia ngumbaru, darasa la watu wazima, nijifunze kugawanya. Mke wangu Mbeyu kacheka mpaka kakaa chini. Na acheke. Jumamosi nazi za shamba la ukoo zinagawiwa nyumba kumi na nane, na wazee wamesema atakayegawa bila ugomvi ndiye mgawaji wa siku zote. Binamu yangu Kavumbi hugawa kwa macho. Macho yenyewe yanaipenda nyumba yake.

Jumatano, 5 Machi
Swali la mwalimu Emily: mama ana maembe tisini na sita, watoto wanne, kila mmoja apate mangapi? Nikamuuliza huyo mama wa wapi, maembe yote hayo hauzi? Akasema, baba, gawanya tu.
Akachora paa. Namba inakaa ndani, mgawaji anasimama mlangoni. Tisa kwa nne, mbili. Inabaki moja. Akaishusha sita polepole, kama mtu anayeshusha mtungi kichwani. Kumi na sita kwa nne, nne. Ishirini na nne! Chini hakukubaki kitu, safi kama sufuria iliyolambwa. Uzee wote huu, na hakuna aliyeniambia.

Ijumaa, 7 Machi
Nimezihesabu nazi mwenyewe, walivyohesabu baba zetu: mbili mbili, zimefungwa pamoja kwa makumbi yake, kila jozi nasema moja. Mia nne thelathini na mbili. Nikachora paa mchangani, nikasimamisha kumi na nane mlangoni. Jibu: ishirini na nne. Ile ile ya maembe.

Jumamosi, 8 Machi
Nikaamuru jozi zifunguliwe, nazi zirushwe moja moja, kila mtu aone haki. Ishirini na nne kila nyumba. Nilipogeuka, nusu ya lundo ilikuwa pale pale. Nimegawa zote, na zimebaki! Nikavua kofia.
Mbeyu kasema mbele za watu: Baba Mramba, umehesabu jozi, umegawa moja moja. Nikamwambia yeye hajakanyaga darasa. Kavumbi akagawa zilizobaki kwa macho. Wazee wakampa kazi yeye.

Jumapili, 9 Machi
Wivu tu. Wameona nazi zikizaa, wakaogopa.
Kuku wangu kumi na wawili nimeshawafunga miguu wawili wawili. Nimehesabu: sita. Wanangu ni watatu, paa limesema kila mmoja wawili. Kesho nawagawia. Watakaobaki ni wangu.