Angalau Kilo Mbili

Jumatatu, 3 Machi

Habari kubwa! Shangazi anasafiri kwenda kumwangalia bintiye aliyejifungua. Ijumaa atamkabidhi mtu ufunguo wa duka lake la kufulia nguo, pamoja na kiti chake cha kuzunguka. Mtu huyo ni mimi, damu yake. Ila Nyoosha, mpiga pasi wetu, ameanza kufika mapema na kufuta vumbi. Mnafiki! Sina chuki naye. Namwonea huruma tu.

Jumanne, 4 Machi

Mashine ni moja, na haitaki zaidi ya kilo nane. Nikakaa na kalamu. Mzigo wangu ni X, wa Nyoosha ni Y. X na Y kwa pamoja ni ndogo kuliko nane au sawa na nane. Sasa hila: X nikaipa sita. Y imebaki na mbili kushuka chini. Soksi na leso! Kwa mwendo huo, yale mapazia ya hoteli aliyopewa hayatakuwa tayari Alhamisi, na Shangazi atajua nani wa kutegemewa. Hesabu tamu hizi.

Jumatano, 5 Machi

Nimebandua maelezo ya kiwandani, nikabandika yangu: "Nyoosha: angalau kilo mbili." Neno nimelichagua kwa makini. Angalau ni neno la unyonge. Mtu husema nipe angalau tonge moja, nisubiri angalau dakika moja. Yaani kidogo tu, basi.

Nyoosha akasoma mara mbili. Akauliza kama kweli nimemaanisha angalau. Nikamjibu angalau, na asinichoshe. Akasema haya kaka, umesema mwenyewe. Akaenda zake akitabasamu. Hajui anachimbiwa.

Alhamisi, 6 Machi

Balaa. Niliingiza mashuka yangu, kilo sita kamili, nikatoka kunywa chai. Nyoosha akaongeza mapazia. Yote! Mashine ikanguruma, ikatembea hadi mlangoni, ikatapika maji, ikanyamaza. Fundi anasema mota imeungua. Pazia moja limechanika katikati.

Shangazi akasoma karatasi, akauliza ni ya nani. Mwandiko wangu unajulikana. Nyoosha akaeleza kwa upole kwamba yeye alifuata maagizo. Shangazi akaniuliza angalau maana yake nini. Nikamfafanulia vizuri, kwa mfano wa tonge. Akafumba macho kwa muda mrefu. Nadhani ilimwingia.

Ijumaa, 7 Machi

Ufunguo kapewa Nyoosha. Roho imeniuma, sitaficha. Kiti kakizungusha mbele ya macho yangu, tena mizunguko miwili.

Mpaka mota mpya ipatikane, kazi yangu ni kufua kwa mikono, uani. Shangazi, mkoba tayari begani, akaniuliza kwa siku nitafua kilo ngapi, ili Nyoosha ajue cha kunidai. Nikaona upenyo. Nikainamisha kichwa, nikalegeza sauti, nikasema angalau kumi.

Nilitegemea mabishano. Wapi! Shangazi akakubali papo hapo, akanipa mkono kabisa. Nyoosha naye akasema hana pingamizi, akaenda kuniletea beseni la pili.

Nimewanasa wote wawili.