Shingo Isiyoegemea Upande

Umma unatangaziwa kwamba Baraza la Rufaa za Kiutawala limempata mjumbe asiyeegemea upande wowote. Kazi haikuwa lelemama. Mimi, katibu wa kamati ya uteuzi, niliishuhudia.

Kigezo alikitunga Mwenyekiti wetu mwenyewe: mwombaji asikilize pande mbili bila kutikisa kichwa. Atakayetikisa, iwe kukubali au kukataa, ameshapendelea. Mwalimu mstaafu alitikisa kwa adabu. Nje. Mwanasheria alitikisa akiitikia salamu. Nje. Akabaki shemeji wa Mwenyekiti, aliyeanguka na pikipiki, shingo imebanwa na kola ngumu ya hospitali.

"Huyu ndiye haki yenyewe," Mwenyekiti akasema. Tukapiga makofi. Ili asije akaonewa, tukapitisha kanuni: mjumbe haondolewi mpaka akubali mwenyewe, kwa kuitikia kwa kichwa mbele ya kamati.

Rufaa ya kwanza ililetwa na fundi cherehani. Mwenyekiti alikuwa ameamuru mashine yake iondolewe chini ya paa la mbele ya ofisi, ili gari la Mwenyekiti lipate kivuli. Fundi akasimama mbele ya mjumbe, mtoto mgongoni.

"Mheshimiwa, nikiondoka pale huyu atakula nini? Mwenzangu gari halinyonyi."

Mwenyekiti alikaa pembeni, kwenye kiti cha wakubwa, kama itifaki inavyotaka. Akakonyeza. Akakohoa. Akapunga leso. Shemeji alitazama mbele tu, na mbele kulikuwa na kitoto kinachungulia begani kwa mama yake, kinamchekea.

"Fundi abaki palepale," akaamua. "Gari lizoee jua."

Kwenye korido mambo yakachacha.

"Shemeji! Hukuniona?"

"Ningekuonaje, shemeji? Shingo."

"Na nilivyokohoa vile?"

"Nilijua mafua. Nikakuombea."

Tangu hapo kamati hukutana kila Jumatatu kumwuliza mjumbe kama yuko tayari kupumzika. Kola ilishafunguliwa. Juzi nilimkuta kwa fundi akipimwa koti: kichwa kushoto, kichwa kulia, anajificha na kuibuka, mtoto hoi kwa kicheko.

Jumatatu, mbele yetu, kichwa hakikutikisika hata kidogo.

Mwenyekiti alimshukuru kwa niaba ya haki, akaliendea gari lake. Alishika usukani, akauachia haraka, akaanza kujipuliza vidole.